Mstari wa rangi unaoamua mzigo wa mahindi Busia

Na Mwandishi Wetu, Merikit

Mahindi yanayokusanywa Merikit, wilayani Tororo, yanaweza kugeuka yakifika mpakani bila mtu kuongeza wala kupunguza punje. Asubuhi ni bidhaa ya Jumuiya, haidaiwi ushuru wa forodha. Mchana magunia yaleyale, yakiwa bado juu ya lori, yanaitwa sumu na hayaruhusiwi kuingia Kenya. Kinachoyageuza ni mstari wa rangi kwenye kijikaratasi chembamba kama kidole.

Rangi si jambo geni kwa anayevusha mizigo. Mfumo wa Asycuda unaotumiwa na forodha ya Uganda huupa mzigo rangi: kijani upite, njano nyaraka zikaguliwe, nyekundu magunia yafunguliwe. Hiyo wakala wako anaifahamu vizuri. Ya kijikaratasi ndiyo inayoweza kumchanganya hata mzoefu.

Sote tumepimwa malaria zahanati. Mistari miwili ikitokea, unaumwa. Kipimo cha sumukuvu kimepinduka. Mahindi husagwa, unga ukachanganywa na maji ya dawa, kisha kijikaratasi kikachovywa. Mstari wa kwanza hutokea daima, kuonyesha kwamba kipimo kinafanya kazi. Mstari wa pili huchorwa na rangi inayonasa pale ambapo sumu haijawahi nafasi. Sumu ikiwa nyingi, rangi haipati pa kunasa na mstari unafifia hadi kupotea. Kwa hiyo mistari miwili ni habari njema, na mmoja ni hasara. Vituo vyenye mashine ya kusoma hupima ukolezi wa mstari huo na kutoa namba kamili.

Namba inayotafutwa ni 10: sehemu 10 za sumukuvu kwa bilioni, kiwango cha juu kwa mahindi katika Afrika Mashariki. Kwa gunia la kilo 100 hiyo ni miligramu moja. Kwa lori la tani 10 ni sehemu moja ya kumi ya gramu, kitu ambacho ungekipuliza mkononi kikapotea.

Na jicho halikioni. Kuvu lenyewe linaonekana, lina rangi ya kijani iliyochanganyika na njano, lakini sumu yake haina rangi wala ladha, na kupika hakuiondoi. Ilianza kutafutwa baada ya mwaka 1960, batamzinga zaidi ya 100,000 walipokufa Uingereza kwa chakula chenye karanga zilizoharibika. Wataalamu waliitenga na kuimulika kwa taa ya urujuanimno. Iliyong'aa buluu wakaiita B, iliyong'aa kijani wakaiita G. Majina hayo ndiyo yaliyomo kwenye vyeti mpaka leo, na B1 ndiyo mbaya kuliko zote.

Wafanyabiashara wa upande wa Uganda na Tanzania hawajasahau tarehe 5 Machi 2021, Kenya iliposimamisha uingizaji wa mahindi yao. Siku chache baadaye mpaka ulifunguliwa kwa masharti: mwagizaji asajiliwe, mzigo uwe na cheti kwamba sumukuvu haizidi kiwango, na wilaya yalikolimwa itajwe. Wapo walioona ni kisingizio cha kulinda soko, na namna katazo lilivyokuja ghafla iliwapa sababu ya kusema hivyo. Lakini mwaka 2004 watu 125 walikufa mashariki mwa Kenya, Makueni na Kitui zikiumia zaidi, kwa kula mahindi yenye sumu hii. Walaji wa Nairobi na Kisumu wana haki ya kuuliza gunia limetoka wapi.

Tatizo la mfanyabiashara mdogo ni kwamba swali hilo huulizwa akiwa amekwisha kulipa mkulima, wapakiaji na lori. Ukikataliwa Busia, lori bado linahesabu siku. Ndiyo maana njia za panya hazikosi wateja.

Kazi inayookoa fedha hufanyika mapema, kabla ya gunia kushonwa. Mahindi yaanikwe juu ya turubai, yasigusane na udongo, hadi unyevu usizidi asilimia 13.5. Asiye na kipima unyevu aweke punje na chumvi kavu kwenye chupa kavu, atikise. Chumvi ikiganda kwenye kioo, mahindi bado mabichi. Kisha yachambuliwe. Punje zilizobadilika rangi, zilizovunjika na zilizotobolewa na wadudu hubeba sehemu kubwa ya sumu, na akina mama wanaochambua karanga sokoni kwa vidole wanafanya kile ambacho viwanda hufanya kwa mashine za kamera. Zilizotolewa zisiuzwe kwa mwenye kuku.

Sampuli nayo ni kisa. Sumu haikai sawasawa. Punje chache zinaweza kuchafua kipimo cha gunia zima, na gunia zuri likaficha baya lililo chini yake. Kuchota juu ya magunia mawili si kupima. Dai bambo lipite kwenye magunia mengi, juu, katikati na chini, yachanganywe ndipo yasagwe. Na ukijazia lori njiani kwa magunia usiyoyajua, kumbuka cheti chako kimeandikwa Tororo.