Mohamed Amin, Mpiga Picha wa Habari

Leo nataka kuwaelezeni habari za mtu ambaye kazi yake ilikuwa kuona badala ya wengine. Jina lake ni Mohamed Amin, mpiga picha za sinema na televisheni wa Afrika ya Mashariki.

Kwanza yafaa tuifahamu kazi yenyewe. Sinema si picha moja itembeayo, bali ni picha nyingi zisizotembea, zilizofuatana katika utepe mrefu. Desturi ni picha 24 kwa kila sekunde. Zikipita mbele ya taa upesi namna hiyo, jicho haliwezi kuzitenga, nasi twadhani kuwa twaona mtu anakwenda. Hayo ni kazi ya chombo. Lakini mahali pa kusimama, wakati wa kuanza na wakati wa kuacha, huamuliwa na mtu.

Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, na wazee wake asili yao Bara Hindi. Alisoma Dar es Salaam, akaanza kupiga picha angali mtoto wa shule. Mwaka 1963, alipokuwa kijana wa miaka 20 tu, aliunda huko shirika lake la picha, Camerapix. Januari 1964 yalitokea mapinduzi Unguja, kisiwa kilicho ng'ambo ya maji, mkabala na pwani yetu ya Mkwaja; Amin akayapiga picha. Mwaka 1966 alifungwa gerezani huko Unguja karibu mwezi mmoja. Baadaye alihamia Nairobi, na Tom Mboya alipouawa mjini humo Julai 1969, picha zake zilimpatia tuzo Uingereza.

Lakini kazi iliyomtangaza duniani kote ni ile ya Ethiopia. Oktoba 1984 alikwenda Korem na Mekele pamoja na Michael Buerk, mtangazaji wa BBC. Habari za njaa ya nchi ile zilikuwa zimekwisha kuandikwa, na watu wa mbali walizisoma wakazipita. Tarehe 23 Oktoba picha za Amin zilionyeshwa Uingereza, kisha zikachukuliwa na vituo zaidi ya 400 vya nchi mbalimbali. Ndipo mioyo ilipoguswa. Waimbaji walikusanyika kuchanga fedha, na tarehe 13 Julai 1985 ikafanywa tamasha kubwa London na Philadelphia kwa ajili ya wenye njaa.

Huenda mtu akauliza: Je, si aibu kumpiga picha mwenzako naye anakufa kwa njaa? Swali hili ni la haki, na kila ashikaye kamera yampasa kujiuliza. Kama picha ile ingalipigwa kwa kujifurahisha, ingalikuwa dhambi. Ilipigwa ili msaada upatikane, nao ukapatikana. Hata hivyo tukumbuke ya kuwa picha huonyesha, wala haielezi yote. Mtazamaji aliona nchi kavu na watu waliokonda. Hakuona ya kuwa vita vya kaskazini vilishirikiana na ukame kuileta njaa ile.

Kazi hiyo ina gharama yake. Mwaka 1991 ghala ya silaha ililipuka Addis Ababa. Mwenzake John Mathai, mtwaa sauti, akafa, na Amin akapoteza mkono wa kushoto. Alitiwa mkono wa bandia, akarudi kazini. Tarehe 23 Novemba 1996 alikuwa abiria katika ndege ya Ethiopian Airlines. Watu watatu waliiteka, wakitaka ipelekwe Australia, mpaka mafuta yakaisha, nayo ikaanguka baharini karibu na Ngazija. Katika watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa, na Amin mmoja wao.

Wazee husema: mwenye macho haambiwi tazama. Lakini aliye mbali hana la kutazama mpaka mtu amletee. Siku hizi vijana wengi wana kamera katika simu zao, hata vijijini. Basi kabla ya kupiga picha ya msiba wa jirani, tujiulize: itamfaa nani? Na tuonapo picha, tuulize pia: ni jambo gani lililobaki nje yake? Aulizaye hayo mawili ameanza kujua kutazama.