Madoa ya Kijivu Katika Magome ya Miti Si Ugonjwa

Mtu asafiriye kwa barabara itokayo Kisumu kwenda Busia hupita Bumala, na njiani huona miembe penye nyumba za watu. Akilitazama kwa makini gome la mwembe mzee, huenda akaona madoa ya kijivu yaliyoganda kama viraka. Wako wakulima wayadhaniao kuwa ni ugonjwa, wakatwaa panga na kuyakwangua. Hilo ni kosa, maana panga likizidi kuingia huharibu gome la ndani lipitishalo chakula cha mti, na jeraha hilo ndilo mlango wa maradhi ya kweli.

Kitu hicho huitwa kuvumwani. Si mmea mmoja, bali ni viumbe viwili vikaavyo pamoja. Kuvu hujenga nyumba na kushika maji ya mvua na umande. Mwani mdogo, usioonekana kwa macho, hupika chakula kwa nuru ya jua. Kuvumwani hainyonyi utomvu. Gome ni kikao chake tu. Mti ukidhoofika kwa sababu nyingine hupukutisha majani, nuru hufika shinani, na kuvumwani huongezeka. Hivyo husingiziwa kosa lisilo lake.

Mabingwa nao walikosea zamani. Katika mwaka 1753 Linnaeus wa Sweden aliziweka kuvumwani katika jamii moja tu, pamoja na mwani. Mwaka 1788 Olof Swartz, naye wa Sweden, aliipa aina moja ya magomeni jina la Lichen cocoes, kwa kuufuata mnazi. Aina hiyo imeenea katika nchi za joto, Afrika ya Mashariki ikiwamo. Mwaka 1857 William Nylander wa Finland aliihamishia jamii ya Pyxine, na mpaka leo yaitwa Pyxine cocoes. Mwaka 1867 Simon Schwendener wa Uswisi alitangaza kwamba kuvumwani ni viumbe viwili. Nylander alimkatalia mpaka alipokufa mwaka 1899, lakini Schwendener ndiye aliyesema kweli. Siku hizi kuvumwani huhesabiwa katika mafungu ya kuvu.

Kwa kuwa nyingi hufanana kwa sura, hupambanuliwa kwa dawa zilizomo ndani yake. Pyxine cocoes ikimulikwa kwa taa kama ile ya kukagulia noti, hung'aa rangi ya manjano.

Nylander aliona jambo jingine katika mwaka 1866: kuvumwani za bustani moja ya Paris zilikuwa dalili ya hewa safi. Nyingi haziwezi kustahimili moshi, ingawa chache huvumilia. Basi mkazi wa Busia au Malaba, ambako malori hungoja kuvuka mpaka, ana kipimo kisicho na gharama: na alinganishe miti ya kando ya barabara na ile ya shambani mbali. Panga na liwekwe chini. Mwembe ukinyauka, sababu itafutwe kwanza mizizini, katika udongo na kwa wadudu.