Beni na Butembo: kitu cha aina moja na kitu cha mchanganyiko, tofauti yake inagusa nini?

Wanafunzi wa sekondari katika miji ya Butembo na Beni wanakutana na maneno mawili magumu: homojeni na heterojeni. Wanayasikia katika kemia, wanayakuta tena katika hesabu, na wale wa informatiki wanayasikia mara ya tatu. Wengi wanayakariri juu ya mtihani wa Serikali, kisha yanabaki katika daftari. Lakini mambo yenyewe yako shambani, hospitalini na ndani ya simu ambayo kila mtu anatembea nayo mfukoni. Na kwa mkulima anayefikiria kupanda nini mwaka huu, tofauti hiyo inaweza kuwa ndiyo inayoamua kama familia itakula au haitakula.

Kijiko kimoja kinatosha?

Chukua chai ya sukari iliyokorogwa vizuri. Ukionja kijiko kimoja cha juu, utamu ni ule ule wa chini. Kijiko kimoja kinakuambia habari ya kikombe kizima. Hiyo ndiyo homojeni: kitu ambacho kila sehemu yake inafanana na nyingine.

Sasa chukua chungu cha mahindi na maharagi. Kijiko cha kwanza kinaweza kuleta maharagi matupu, cha pili mahindi matupu. Ukionja mara moja tu, hujajua chungu. Hiyo ni heterojeni: mchanganyiko ambao sehemu zake hazifanani.

Kuko pia vitu vinavyodanganya macho. Maziwa ya ng'ombe yakitoka kukamuliwa yanaonekana ya aina moja, meupe kila mahali. Yaache usiku mzima, asubuhi utakuta mafuta yamepanda juu. Yalikuwa mchanganyiko tangu mwanzo, ila jicho halikuona.

Katika hesabu

Hesabu inatumia neno hilo kwa namna yake, lakini wazo halitoki mbali. Tuseme mwenye pikipiki anaomba franga 200 kwa kila kilo ya mzigo. Kilo 10 ni franga 2.000, kilo 20 ni franga 4.000. Mzigo ukizidi mara mbili, bei nayo inazidi mara mbili. Bila mzigo, hakuna malipo. Hesabu ya namna hiyo inaitwa homojeni: ukijua jibu moja, unapata mengine kwa kuzidisha tu.

Mwingine anaomba kwanza franga 1.000 za mafuta, halafu franga 200 kwa kila kilo. Kilo 10 ni franga 3.000, lakini kilo 20 ni franga 5.000, si 6.000. Zile 1.000 za mwanzo zimevunja mpango wa kuzidisha. Hesabu hii si homojeni tena. Ndiyo maana mwalimu anasisitiza kuangalia kama upande wa pili wa mlinganyo kuko sifuri au kuko namba nyingine.

Wakati wa Ebola: asilimia iliyoficha watu wa namna mbili

Mlipuko wa Ebola uliotangazwa tarehe 1 Agosti 2018 ulipita Mangina, Beni, Butembo, Katwa na sehemu nyingine hadi tarehe 25 Juni 2020. Watu 3.470 walihesabiwa kuwa waliugua, na 2.287 kati yao walikufa.

Katika shida hiyo kulifanyika jaribio la dawa nne, kuanzia Novemba 2018 hadi Agosti 2019, likiongozwa na INRB ya Profesa Jean-Jacques Muyembe pamoja na watafiti wa Marekani. Wagonjwa 681 waliingia. Hapo tatizo la kwanza lilikuwa mchanganyiko: kuko mtoto na mzee, kuko aliyekuja siku ya pili na aliyeletwa akiwa karibu kufa. Kama dawa moja ingepewa wale wenye nguvu na nyingine wale waliochoka, matokeo yasingekuwa na maana. Kwa hiyo wagonjwa waligawanywa kwa kura. Kura haiwafanyi watu wafanane, lakini inafanya makundi yafanane, kila kundi likiwa na wa kila namna.

Dawa mbili zilishinda. Ya kwanza, mAb114, ilitokana na damu ya mtu aliyepona Ebola ya Kikwit ya mwaka 1995, na ndani yake kuko kinga ya aina moja tu. Ya pili, REGN-EB3, ni mchanganyiko wa kinga tatu. Kati ya waliopewa mojawapo, karibu 35 katika kila 100 walikufa. Dawa ya tatu, ZMapp, nayo ilikuwa mchanganyiko wa kinga tatu, lakini karibu nusu ya waliopewa hiyo walikufa. Kwa hiyo kuchanganya peke yake si dawa. Inategemea unachanganya nini.

Lakini somo kubwa liko ndani ya ile 35. Ni kama yale maziwa: inaonekana kitu kimoja, kumbe ndani kuko makundi mawili. Kwa wagonjwa ambao virusi havijajaa sana katika damu, dawa hizo mbili ziliacha wafe karibu 10 tu katika kila 100. Kwa wale ambao damu yao ilikuwa imejaa virusi, walikufa zaidi ya 60 katika kila 100. Mtu aliyesikia tu "35" angeweza kusema dawa inasaidia kidogo. Ukweli ni kwamba ilisaidia sana aliyekutwa na virusi vichache, na virusi vinazidi kadiri mtu anavyokaa nyumbani. Ndiyo sababu ujumbe wa kuwahi kituo cha matibabu haukuwa maneno ya bure.

Kahawa: shamba lililoanguka pamoja

Wazee wa teritware ya Beni wanakumbuka ugonjwa ulioitwa trakeomikozi. Ni kuvu anayeingia katika mti wa kahawa na kuziba mishipa inayopandisha maji. Majani yanageuka ya manjano, yanajikunja na kuanguka, na katika miezi michache mti unakauka. Kuvu huyo alijulikana kwanza mwaka 1927 katika nchi ambayo leo ni Jamuhuri ya Afrika ya Kati. Baadaye alishambulia upande wa Isiro, na katika miaka ya 1990 akafika Beni na kuvuka hadi Uganda, ambako karibu nusu ya robusta iliharibika.

Ni kweli kwamba miti ya robusta haifanani kabisa yenyewe kwa yenyewe. Ua la robusta halikubali unga wa mti wake wenyewe, na mkulima akijaza shamba kwa vipandikizi vya mti mmoja tu, hatavuna vizuri. Kwa maumbile yake, robusta inadai mchanganyiko. Lakini mbele ya kuvu yule, karibu miti yote ilikuwa kitu kimoja: haikuwa na kinga. Mti mmoja uliokauka ulikuwa kama kile kijiko cha chai, ulionyesha yatakayopata shamba zima.

Mambo mawili yaliokoa kitu. Kwanza, kuvu aliyeua robusta hakuigusa arabika kwa namna ile, na kahawa ya milima ya Lubero na ya miteremko ya Ruwenzori iliendelea kusimama. Pili, katikati ya miti iliyokufa kulibaki michache iliyostahimili. Watafiti wa Uganda walitumia miti ya namna hiyo kutengeneza mbegu zinazokataa ugonjwa, tena hawakutoa aina moja bali aina kadhaa za kupandwa pamoja.

Migomba inaonyesha upande mwingine. Mnyauko wa bakteria ulionekana Masisi mwaka 2001, kisha ukasambaa katika Kivu ya Kaskazini. Aina za ndizi zina majina mengi, lakini hakuna inayokingwa kabisa na ugonjwa huo. Kuwa na aina tano za ndizi si kinga ikiwa zote zinanyauka kwa bakteria mmoja. Hapo kinachosaidia ni kuunguza kisu kabla ya kwenda shina lingine, kukata ua la dume kwa kijiti chenye panda, kuondoa shina linalougua, na kuwa na zao lingine pembeni.

Ndani ya simu

Watengenezaji wa simu wameelewa jambo hilo pia. Ubongo wa simu za kisasa mara nyingi una sehemu nane zinazofanya kazi. Zamani zilikuwa zinafanana. Leo, katika simu nyingi, kuko kubwa na kuko ndogo. Ndogo zinashika saa na ujumbe, zikitumia moto kidogo. Kubwa zinaamka wakati wa video au mchezo. Kwa mtu anayechaji kwa sola au kwa grupu ya jirani, mchanganyiko huo ndio unaofanya betri ifike jioni. Gharama yake ni kwamba lazima kuwe na programu inayogawa kazi. Vitu vinavyofanana ni rahisi kuongoza. Vitu visivyofanana vinataka msimamizi.

Leo ni kakao

Baada ya kahawa kuanguka, wakulima wengi wa Beni waligeukia kakao. Kuko pia vanila, papai la kutoa utomvu na kinkina, lakini kakao ndiyo imekamata macho ya wengi. Desemba 2024 bei ya dunia ilipita dola 12.000 kwa tani. Mwaka 2025 ikashuka hadi karibu nusu. Huko Ghana, ugonjwa wa kuvimba matawi umefanya mamilioni ya miti ikatwe tangu ulipojulikana mwaka 1936, kwa sababu mti ukishaugua hauna dawa.

Shamba la kakao tupu ni rahisi: kazi moja, mnunuzi mmoja, wakati mmoja wa kuvuna. Lakini bei ikianguka, inaangukia kila mti siku moja. Mkulima ambaye chini ya kakao ameacha migomba ya kivuli, na pembeni ana muhogo na maharagi, anachoka zaidi na anahesabu zaidi. Swali la kujiuliza kabla ya kupanda si "nina mazao mangapi?" Swali ni hili: ugonjwa mmoja ukija, au bei moja ikianguka, au njia ya kwenda shambani ikifungwa, nini kitabaki? Kama jibu ni "hakuna", hilo ni shamba la aina moja, hata likiwa na mimea kumi.