Vita vya uhuru havikuanza Oktoba 20

Kila Oktoba 20 Wakenya hukusanyika kuwaenzi mashujaa wao, na ni wachache wanaouliza tarehe hiyo ilitoka wapi. Ilitoka kwa Gavana Evelyn Baring. Ndiye aliyetangaza hali ya hatari siku hiyo mwaka 1952, na usiku huo Jomo Kenyatta na wenzake wakatiwa mbaroni. Sisemi siku hiyo ifutwe. Ninachosema ni kwamba taifa likianza kuhesabu vita vyake vya uhuru kutoka siku mkoloni alipoamua kuviita vita, litawaacha nje watu waliokwisha kufa, kufungwa na kuhamishwa kabla ya tangazo lake. Ushahidi mzito wa jambo hilo uko magharibi, kati ya Bungoma na Kitale.

Tuanze na Chetambe, kilima kilicho juu ya mji wa Webuye. Mwaka 1895 Wabukusu walikuwa wakiishi ndani ya ngome zilizozungushiwa kuta za udongo na handaki. Kikosi cha askari wa Kisudani kilichotumwa kutoka Mumias kuwadai bunduki kiliangamizwa, naye C. W. Hobley, aliyeiwakilisha serikali ya Uingereza pale Mumias, akajibu kwa msafara wa adhabu wenye askari wa Kisudani, Waganda na wapiganaji wa Nabongo Mumia, mfalme wa Wawanga. Ngome ya Lumboka ilianguka kwanza, kisha Chetambe. Mikuki na ngao za ngozi zilikabiliana na bunduki ya rashasha, na waliokufa humo hawakuwa wapiganaji peke yao. Vitabu vya shule huiweka vita hiyo katika sura ya upinzani wa mwanzo, vikaifunga, vikaruka miaka hamsini hadi kufikia vyama vya siasa. Kuruka huko ndiko kunakotupoteza.

Katika miaka hiyo inayorukwa, ardhi ya ng'ambo ya mto Nzoia ilibadilika mikono. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia serikali iliwagawia maofisa na askari wa Uingereza mashamba, na Trans Nzoia ikawa sehemu ya ile iliyoitwa Nyanda za Juu za Wazungu. Reli ilifika Kitale mwaka 1926, nayo ikafuata mahindi ya walowezi. Wasabaoti na Wapokot walipoteza malisho, na Wabukusu walioingia humo waliingia kama maskwota: kijishamba kidogo na ruhusa ya kufuga, kwa malipo ya siku nyingi za kazi kila mwaka. Sheria ya mwaka 1937 iliwapa walowezi uwezo wa kuongeza siku hizo na kupunguza mifugo. Kisha vikaja Vita vya Pili. Mwaka 1942 serikali iliruhusu watu wakamatwe kwa nguvu kufanya kazi katika mashamba ya watu binafsi, eti kwa faida ya vita. Mwaka huohuo mlowezi alihakikishiwa bei ya mahindi yake na kusaidiwa fedha za kufyeka ardhi mpya, ilhali mkulima Mwafrika alilipwa bei ya chini kwa mahindi yaleyale. Atakayetaka kujua kwa nini Kimilili, huko Bungoma, ilichemka, aanzie kwenye gunia hilo la mahindi kabla ya kwenda kwenye mambo ya mizimu.

Elijah Masinde alitoka huko Kimilili. Alikuwa mchezaji hodari wa kandanda aliyeichezea Kenya dhidi ya Uganda mwaka 1930, akafanya kazi ya kupeleka barua za mwito za mahakama ya wenyeji, kisha akaacha kuitumikia serikali na kuanza kuipinga. Alikataa amri za kung'oa magugu na kuchimba matuta, akapinga watu kukamatwa kwa ajili ya kazi za vita. Dini ya Msambwa, aliyoiongoza, iliwaita watu warudi kwa Wele, Mungu wa mababu, na ikasema waziwazi kwamba Mzungu aondoke. Serikali ilimfunga, kisha mwaka 1945 ikampeleka katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mathari, Nairobi, akakaa huko hadi 1947. Hatua hiyo ipimwe kwa makini, kwani mtu anayedai ardhi hujibiwa kwa hoja, lakini mwendawazimu hadaiwi jibu.

Alichofanya baada ya kutoka kinatosha kuivunja hadithi ya wazimu. Septemba 1947 aliwaongoza maelfu ya wafuasi hadi Chetambe, kwenye ngome ya mwaka 1895, wakachinja kondoo na kuwakumbuka waliouawa na jeshi la Hobley. Wao wenyewe walizishona enzi mbili ambazo vitabu vyetu vimezitenganisha. Miezi mitano baadaye, Februari 10, 1948, polisi waliufyatulia risasi umati wa wafuasi pale Malakisi na kuua watu 11. Siku chache baadaye dini hiyo ikapigwa marufuku, na Masinde akahamishiwa Lamu, mwisho mwingine wa nchi, kisiwani. Dola ya Uingereza ilikuwa na mazoea hayo: Mwanga wa Buganda na Kabalega wa Bunyoro walipelekwa Ushelisheli, na mwaka 1956 Askofu Mkuu Makarios wa Cyprus akafuata njia hiyohiyo.

Kuna mapingamizi ambayo haifai kuyakwepa. La kwanza ni kwamba vuguvugu hilo lilikuwa la eneo moja, lilichoma makanisa na shule, na halikushinda. Ni kweli yote matatu. Lakini tazama Madagascar. Askari wa King's African Rifles (KAR) kutoka Afrika Mashariki walipelekwa huko mwaka 1942 kukiondoa kisiwa mikononi mwa serikali ya Kifaransa ya Vichy, na mwisho wa yote kikarudishiwa Ufaransa. Machi 29, 1947, Wamalagasi waliasi, hasa upande wa mashariki ya kisiwa. Uasi wao ulizimwa kwa mauaji ya maelfu ya watu, na uhuru haukuja hadi 1960. Hata hivyo Machi 29 ni siku ya kumbukumbu ya kitaifa huko. Hawakuwaambia wafu wao kwamba walikufa mapema mno au mbali mno na mji mkuu.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: Jamhuri yenyewe iliipiga marufuku Dini ya Msambwa mwaka 1968, na Masinde alifungwa tena na serikali ya Waafrika. Je, huo si ushahidi kwamba alikuwa mkorofi tu? Kama marufuku ndiyo kipimo, basi Mau Mau nao hawakuwa wapigania uhuru, maana walibaki kundi haramu kisheria hadi mwaka 2003. Serikali mpya ilikuwa na sababu yake ya kuwaogopa watu wanaodai ardhi bila malipo. Mpango wa ekari milioni moja, ulioanza 1962 kwa mikopo ya Uingereza na Benki ya Dunia, uliwauzia Waafrika mashamba yaliyotwaliwa bila ya wao kulipwa, na mengine makubwa ya Trans Nzoia yakabaki mikononi mwa serikali. Masinde hakuikubali hesabu hiyo hadi alipofariki mwaka 1987.

Tarehe hizi zina uzito hata leo. Mwaka 2013 Uingereza ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa Wakenya 5,228 walioteswa wakati wa hali ya hatari, na walistahili. Waliopigwa risasi Malakisi zaidi ya miaka minne kabla ya tangazo la Baring hawamo katika hesabu hiyo, wala hakuna mlango waliofunguliwa. Serikali za kaunti za Bungoma na Trans Nzoia haziwezi kuilazimisha London, lakini hazihitaji ruhusa ya mtu kuwakusanya wazee ambao bado wanakumbuka, kuandika majina ya wale 11, na kuyasoma hadharani Oktoba 20 ijayo.