Nishati ya Mwili Katika Vilima vya Kigali
Siku Bila Magari, iliyoanzishwa Kigali mwaka 2016, huwaleta wakazi wengi barabarani kukimbia na kuendesha baiskeli kwenye vilima, ambako misuli, kadiri mwinuko unavyokuwa mkali, hupunguza kutegemea mafuta na kuunguza zaidi glaikojeni, yaani sukari iliyohifadhiwa ndani ya misuli yenyewe na kwenye ini. Mtu wa kilo 70 anayepanda mita 100 kwenda juu hutumia takriban kilokalori 65 kwa kuinua uzito wake tu, kwa sababu, na hili ni la kustaajabisha kweli, robo tu hivi ya nishati inayounguzwa hugeuka kuwa mwendo, ilhali nyingine yote huwa joto ambalo jasho huliondoa. Kuteremka hugharimu nishati kidogo kuliko kupanda, ingawa mapaja, yanayofanya kazi ya breki, huuma kesho yake.