Mtabiri Mvivu wa Gredi ya Nne

Mtoto wa gredi ya nne katika shule ya Amagoro, karibu na mpaka wa Kenya na Uganda, atakutajia vyombo vya kupimia hali ya hewa bila kukwama: kipimajoto, kipimamvua, kipimaupepo. Atakuchorea jua, wingu na matone. Lakini mwulize kama kesho alasiri itanyesha, naye atacheka, maana swali hilo halimo kwenye mtihani. Hapo ndipo tunapompunja. Tunamfundisha sehemu za vyombo, ila utabiri wenyewe, yaani kusema jambo leo na kukubali kusahihishwa kesho, tunauacha kwa watu wa redio.

Na kwa somo hili, ni vigumu kupata darasa linalolishinda anga la Amagoro. Kaskazini kuna Mlima Elgon, mita 4,321 kileleni. Kusini kuna Ziwa Victoria, kilomita za mraba 68,800 za maji. Mashariki kuna nyanda za juu za Nandi. Jua likipanda, nchi kavu hupata joto haraka kuliko ziwa. Hewa iliyo juu ya ardhi hupanda, na ile ya ziwani, yenye baridi na unyevu, huingia kuziba nafasi yake. Ikigongana na upepo utokao mashariki, au ikisukumwa kupanda miteremko, hupoa. Mvuke wake hugeuka matone, na wingu hurefuka kwenda juu hadi kupita kilomita 10. Ndiyo sababu mvua ya huku hupenda kuja alasiri, watoto wakiwa njiani kurudi nyumbani. Usiku mambo hugeuka: nchi kavu hupoa, upepo huelekea ziwani, ngurumo nazo huhamia juu ya maji, wanakoumia wavuvi.

Mwalimu hahitaji maabara kuyaonyesha haya. Aweke sufuria mbili juani, moja ya maji na moja ya mchanga, na kipimajoto kimoja cha kupimia zote kwa zamu. Baada ya saa moja watoto wenyewe watasema ni ipi iliyowahi kupata moto.

Kisha daftari. Kipimamvua cha chupa ya soda kinatosha, mradi kasoro moja irekebishwe: kitako cha chupa kina mabonde, na maji ya kwanza hupotelea humo. Tia kokoto, mimina maji mpaka pale ukuta wa chupa unaponyooka, chora mstari wa sifuri hapo, halafu pima milimita kwa rula kwenda juu. Sehemu ya mdomo iliyokatwa igeuzwe iwe faneli. Chupa ikae mahali peupe, mbali na mwembe na paa la darasa, umbali usiopungua mara mbili ya urefu wa kitu chochote kilicho karibu. Isomwe saa tatu asubuhi, saa ileile wanayosoma wapimaji wa vituo vya serikali, na mvua iandikwe kwenye jina la jana, kwa kuwa nyingi yake imeanguka jana.

Milimita moja ni lita moja kwa kila mita ya mraba. Hesabu hii huwashangaza watoto kuliko mchoro wowote ubaoni. Paa la darasa lenye mita 50 za mraba likipata milimita 20, limepokea lita 1,000. Ukiwa na tangi tupu la shule na mfereji wa paa uliotoboka, somo linajiendesha lenyewe.

Sasa mchezo. Kabla ya kengele ya kwenda nyumbani, kila mtoto aandike: kuanzia kesho saa tatu asubuhi hadi keshokutwa saa tatu, itanyesha au haitanyesha. Chupa itaamua. Aliyepatia apewe alama moja. Haitachukua muda mrefu kabla ya mjanja mmoja kugundua kwamba Januari, wakati wa kiangazi, akiandika "haitanyesha" kila siku bila hata kuinua macho, atawashinda wenzake wanaohangaika na mawingu. Msimkemee huyo mtoto. Amegundua jambo ambalo watabiri wa kazi hulichukulia kwa uzito: kupatia mara nyingi si sawa na kujua. Mpeni jina, Mtabiri Mvivu, na mwekeni ubaoni kama mshindani wa darasa zima. Aprili atabadilisha wimbo aandike "itanyesha" kila siku. Yupo na ndugu yake, asemaye kesho itakuwa kama leo, na huyo ni mgumu zaidi kumshinda. Wataalamu hupima mifumo yao ya kompyuta dhidi ya wavivu hawa wawili, na mfumo usiowashinda hauna haja ya kuwashiwa umeme.

Kompyuta nazo zinafanya nini? Hili pia linawezekana uwanjani. Mwaka 1922 Mwingereza Lewis Fry Richardson alichapisha kitabu kilichoeleza namna ya kutabiri kwa hesabu tupu: igawanye dunia miraba, upe kila mraba joto, kanieneo ya hewa, upepo na unyevu wake, kisha kokotoa kila mraba utakavyobadilika kwa kuathiriwa na majirani. Aliwaza ukumbi wa watu 64,000 wakipiga hesabu kwa pamoja ili waende sambamba na hali ya hewa. Jaribio lake mwenyewe, la saa sita za siku moja ya Mei 1910, lilitoa badiliko la kanieneo ya hewa ambalo ulimwengu haujawahi kuliona, ilhali siku yenyewe kanieneo haikusogea kwa kitu. Napenda watoto waambiwe habari hii nzima, pamoja na kuanguka kwake. Njia ilikuwa sahihi. Vipimo vya kuanzia ndivyo vilivyokuwa na dosari. Wapange watoto 25 uwanjani, watano kwa watano, kila mmoja na namba mkononi, na kila filimbi ikilia achukue wastani wa majirani zake. Mpe mmoja namba ya uongo mwanzoni, muone uongo huo unavyosambaa.

Hapo wataelewa pia kwa nini redio husema mvua itanyesha Magharibi, na Amagoro ikakauka huku Malaba, kilomita chache tu kando, ikifurika. Mfumo mzuri wa dunia nzima una miraba ya kilomita 9 hivi. Wingu la alasiri linaweza kuwa dogo kuliko mraba mmoja.

Ndipo tunafika kwenye asilimia, sehemu ambayo hata watu wazima huikwepa. Idara ya Hali ya Hewa ya Kenya inapotoa utabiri wa msimu, husema kwa asilimia uwezekano wa mvua kuwa zaidi ya wastani, karibu na wastani, au chini yake. Chukua kikapu, tia punje 45 za mahindi ziwe zaidi ya wastani, 35 za maharagwe ziwe karibu na wastani, na 20 za njugu ziwe chini yake. Mtoto achomoe moja bila kutazama. Njugu ikitoka, kikapu kimedanganya? Mwache abishane na wenzake. Mapema Oktoba 2023 Rais William Ruto aliwatangazia Wakenya kuwa El Niño iliyohofiwa haitakuja, ila mvua nyingi tu. Mwezi uliofuata mafuriko yaliikumba nchi, na kabla msimu haujaisha yalikuwa yameua watu zaidi ya 100. Uwezekano uliokuwa na viwango ulifika kwa wananchi ukiwa "ndiyo" au "la". Mtoto aliyechomoa punje kikapuni hatakubali kirahisi kupewa jibu la namna hiyo.

Watoto wa mpakani wana kitu ambacho wa Nakuru hawana: watabiri wawili. Redio ya upande huu inasoma taarifa ya Nairobi, ya upande wa pili inasoma ya Uganda. Waandike zote mbili kwa wiki kadhaa na kuzipa alama dhidi ya chupa yao. Si ushindani wa bendera. Kituo cha kupimia hali ya hewa cha Tororo, ng'ambo ya mpaka, kiko karibu zaidi na Malaba kuliko cha Kakamega au cha Kisumu, na nchi zote mbili hubadilishana vipimo. Tena wataalamu wa kanda hii wamekuwa wakikutana tangu 1998 kuafikiana juu ya utabiri wa msimu kabla haujatolewa.

Nyanya naye asiachwe nje. Kumbikumbi, vyura, siafu, upande ambao mawingu hutokea: yaandikwe yote daftarini kwa tarehe, kisha yapewe alama kama wengine. Je, kumbikumbi huruka kabla ya mvua au baada yake? Watoto wanaowakimbilia na mabeseni wanadhani wanajua, mpaka waambiwe waandike. Hii si kuwadharau wazee. Kule Bunyore, kaunti ya Vihiga, watabiri wa mvua wa ukoo wa Nganyi walikaa na wataalamu wa Idara, kuanzia mwaka 2008 hivi, wakalinganisha dalili zao na ramani, kisha wakatoa utabiri wa pamoja kwa wakulima wa kwao.

Kuna sehemu moja ya somo isiyochezewa alama. Pwani za Ziwa Victoria na nyanda zinazolizunguka ni miongoni mwa sehemu zenye radi nyingi zaidi duniani. Juni 2011 radi iliua wanafunzi 18 wa shule ya msingi ya Runyanya, wilaya ya Kiryandongo nchini Uganda, nao walikuwa darasani. Mfundisheni mtoto kuhesabu sekunde kutoka mmweko hadi ngurumo. Kila sekunde tatu ni takriban kilomita moja. Sekunde zikiwa chini ya 30, mpira unasimama, chini ya mwembe hakukaliwi, na hakuna anayerudi uwanjani mpaka dakika 30 zipite tangu ngurumo ya mwisho. Darasa nalo lenye paa la mabati lakini lisilo na kinga ya radi iliyoshikizwa ardhini si kimbilio la kutegemea. Gari lililofungwa madirisha ni bora. Kuweka kinga hiyo si kazi ya mtoto. Ni ya bodi ya shule, na ifanywe Februari, mvua ya Machi haijaanza.