Kompyuta ikikwambia uifomati diski ya PlayStation, kataa

Kisa hiki hutokea kwenye nyumba nyingi zenye PlayStation 4. Diski ya nje imejaa gemu. Kaka mkubwa anaichomoa, anaitia kwenye laptopu yake apate kuhamisha filamu za kutazama Idi. Windows inaleta ujumbe kwamba diski haiwezi kutumika mpaka ifomatiwe. Anakubali. Jioni mwenye diski akirudi, gemu zote hazipo, na nyumba haikaliki.

Diski haikuwa mbovu. PlayStation ikipewa diski ya kuwekea gemu huifuta na kuipanga upya kwa namna yake, na mpangilio huo Windows haiujui, kwa hivyo huiona kama haijawahi kutumika. Ukiona ujumbe huo, kataa, ichomoe uirudishe ilikotoka. Diski ya gemu ni ya gemu tu. Filamu zitafutie nyengine.

Lakini kuna hasara kubwa zaidi ya hiyo. Gemu iliyofutika utaipakua tena, ijapokuwa bando litakuuma. Hatua ulizofikia ndani ya gemu, ile ligi uliyoihangaikia miezi sita, hazikai kwenye diski ya nje kabisa. Zimo ndani ya mashine yenyewe. Stima ikikatika na kurudi kwa kishindo mashine ikaungua, zimekwenda nayo, isipokuwa kwa anayelipia PlayStation Plus akaziweka mtandaoni.

Asiyelipia atumie flashi, hata ndogo. Iwe imefomatiwa kwa exFAT au FAT32, kwani NTFS, ambayo kompyuta nyingi za Windows huitumia, PS4 haiikubali. Ichomeke kwenye mashine, fungua mipangilio, nenda kwenye data za gemu zilizohifadhiwa, chagua kunakili kwenye USB. Flashi hii kompyuta itaisoma bila taabu: utaona folda iitwayo PS4. Inakili yote kama ilivyo, usiibadilishe jina. Na ujue data hizo zimefungwa kwenye akaunti yako, rafiki hawezi kuzitumia kwa yake.

Tukirudi kwa diski ya gemu, usiichomoe ghafla mashine ikiwa imewaka. Kwenye mipangilio ya vifaa mna sehemu ya kuiambia mashine iache kuitumia kwanza. Kisha ibandike kikaratasi juu: "Ya gemu. Usifomati."